Mikono ya Shangazi kwenye Namba Tisa

Mwezi uliopita alikuja fundi Mkenya kutuwekea mtandao mpya hapa nyumbani Bawshar. Mtu mzima, mpole, kazi yake safi, ila maswali mengi. Alipotoboa ukuta wa sebule akakutana na waya nyeusi, akaivuta, akaivuta, haiishi. "Madam, hii waya ni ya nini? Inatoka kwa jirani wa huku, inapita kwako, halafu inaenda kwa jirani wa kule. Nani alifanya hii kazi?" Nikamwambia aiache ilipo. Akaniangalia, akasema, "Sawa madam, lakini hii haina kazi tena." Ilikuwa imetoka na harufu yake, vumbi la saruji na mpira uliopikwa na jua, nami nikakaa kitako kwenye mkono wa kochi. Watu wengine harufu huwakumbusha raha za utotoni. Mimi hunikumbusha hofu.

Na niseme mapema, mimi ni mtu wa wasiwasi. Mama alikuwa akisema nilizaliwa nao, kama wengine wanavyozaliwa na baka. Nikiona gari la wagonjwa nadhani limekuja kwetu. Simu ikilia nadhani ni msiba. Kwa hiyo mnaposoma haya mjue mtoto anayeyaona ni mtoto wa namna gani.

Nyinyi mliokua Maskati wakati mmoja na mimi mtakumbuka madishi yalipoingia, makubwa, meupe, yamekaa juu ya mapaa kama masinia ya harusi. Mtaani kwetu hapa hapa Bawshar dishi lilikuwa moja tu, la Ami Khalfan. Ami alikuwa binamu yake baba, na mkewe, Shangazi Zuwena, alikuwa dada yake baba. Nyumba yao na yetu zimegawana ukuta. Ami alikuwa mtu wa umeme bandarini Matrah, na alikuwa hawezi kuona waya akaiacha ilale. Aliponunua dishi aliona haya kutazama peke yake, akaivutia waya nyumba ya jirani wa kwanza, kisha wa pili, mpaka mtaa mzima ukawa umefungamana naye. Shangazi alikuwa akisema, "Mume wangu kaoa mtaa, mimi mke wa pili."

Sasa kwenye zile chaneli, namba tisa ilibaki tupu, chenga tupu zinachemka. Ami hakuweza kuvumilia. Alikuwa na kamera ya video, ile ya kubeba begani, na deki mbili, akaviunganisha katika chumba kidogo juu ya paa, chini ya dishi lake, na namba tisa ikawa televisheni yetu wenyewe. Kila Alkhamisi baada ya Alasiri, mtaa mzima unatulia. Mzee wa nyumba ya kona, aliyetoka Unguja na suti moja, alikuwa akiivaa suti hiyo hiyo na kusoma habari: nani kajifungua, nani kenda Umra, mbuzi wa nani kaonekana kwenye bustani ya nani. Mhadhiri mmoja wa chuo kikuu cha Al Khoudh alikuwa anakuja kupiga udi, ala ya nyuzi ya Kiarabu, na anaupiga vibaya, masikini, lakini anafumba macho kwa raha zake. Watoto tulisoma mashairi huku tunakonyezana. Hata majirani Waarabu, wasiojua Kiswahili hata cha kuombea maji, walitazama na kucheka tukicheka.

Na Ami hakuwa akijua kukata kanda. Kilichoingia kimeingia. Simu ikilia imo, muadhini akiadhini imo, paka akipanda mezani yumo. Kila kipindi kilianza na sauti yake nyuma ya kamera: "Haya, bismillahi." Sura yake hatukuiona hata siku moja kwenye namba tisa. Yeye alikuwa sauti na kikohozi.

Wanawake wengi hawakutaka kuonekana na wanaume wa watu, na Ami akawatafutia njia. Waliopika walionekana mikono tu. Kamera inateremshwa, inaona meza, sufuria, na mikono inayofanya kazi. Majina hayatajwi. Lakini jamani, mtaani hapo nani hakujua mikono ya nani? Huyu pete ya feruzi, yule kovu la mafuta, yule bangili zake zinazolia kama kengele ya madrasa. Mikono iliyopendwa kuliko yote ilikuwa ya Shangazi Zuwena. Mizuri, myepesi, na sauti yake inakwenda nayo, anafundisha na anatania. Ami nyuma ya kamera humchokoza: "Sukari mbona chache?" Naye humjibu, "Yako wewe tumeipunguza kwa amri ya daktari." Mtaa mzima unacheka.

Kisha Ami akafa. Alikwenda kazini asubuhi na thermosi yake ya kahawa, na adhuhuri wenzake wa bandarini wakampigia simu baba. Moyo. Nakumbuka baba alivyosimama na simu mkononi wakati mwenzake wa upande wa pili keshakata.

Siku za mwanzo nyumba ilijaa mpaka viatu vikafika barabarani. Kisha watu wakapungua, na Shangazi akabaki katika eda ya kufiwa na mume, miezi minne na siku kumi kama ilivyo sheria. Televisheni ya sebuleni ikafunikwa kanga. Namba tisa ikarudi kuwa chenga. Binti yao, Thuraya, alikuwa anasoma chuo kikuu Al Khoudh, anaondoka na basi alfajiri na kurudi jioni. Basi mama akaniamuru, nikirudi skuli na kula, niende nikakae na Shangazi mpaka Magharibi. "Asikae peke yake," alisema. "Ukae naye, umtazame."

Niliogopa. Mtoto wa kike wa darasa la tatu, ninajua nini habari ya kumtazama mtu mzima? Nikauliza sheria, maana mimi bila sheria silali. Mama akanihesabia huku anakuna nazi: hatoki nyumbani, haonekani na wanaume wasio maharimu wake, yaani wanaoweza kumuoa, hajitii manukato, havai dhahabu, hajipaki wanja, hajipaki hina.

Hina! Hapo ndipo nilipomshika mama kanga. Kwa sababu Shangazi hina alikuwa nayo. Alijipaka siku mbili tatu kabla ya msiba, maua mpaka kwenye vifundo, ncha za vidole zimekoza nyeusi tii. Na hina haisikii habari ya msiba. Mume kazikwa na hina ndiyo kwanza inazidi kukoza.

Wageni walipokuja kuhani, Shangazi alikuwa anaficha mikono chini ya kanga. Anapopewa mkono, anatoa ncha za vidole na kuzirudisha haraka. Lakini macho ya watu yana kazi yake. Siku moja Bi Salma, jirani wa mbele, mwanamke mwenye ulimi wa kukatia mboga, alimshika mkono akaugeuza kidogo kwenye mwanga.

"Hina imekukoza, Bi Zuwena," alisema.

"Ndiyo," alisema Shangazi.

"Mbichi bado."

"Ndiyo."

 Bi Salma alimeza funda la kahawa na kuangaliana na mwenzake waliyekuja pamoja. Mimi niliyekuwa nimekaa kwenye zulia niliona lile jicho likipita, na nikajua kuna jambo baya sana kuhusu ile mikono na kwamba watu sasa wanalijua.

Walipoondoka, Shangazi alikwenda bafuni. Nilimfuata kwa sababu niliambiwa nimtazame. Alikuwa anasugua mikono kwa ndimu na chumvi na dodoki, kisha kwa ile dawa ya kufulia nguo nyeupe, anasugua mpaka ngozi inakuwa nyekundu, na maua yamo tu. Hakulia. Alikuwa na uso mkavu kama ukuta. Akaniona, akasema kwa upole, "Nenda kakae sebuleni, mwanangu, nnakuja."

Hilo la kulia nalieleza sasa, maana ndilo lililonipa tabu kuliko yote. Tangu siku ya msiba Shangazi hakutoa chozi. Jeneza lilipotoka wanawake wote waliangua kilio, yeye alisimama tu na kushika kizingiti. Chakula anagusa, haendelei. Usingizi hana. Kila jioni nikirudi nyumbani, kabla sijavua viatu, mama ananiuliza kwa sauti ya chini:

"Leo vipi? Kalia?"

"Hajalia," nilisema.

"Hata kidogo?"

"Hata kidogo."

Mama anavuta pumzi na kurudi jikoni. Nami nikafahamu, kwa akili yangu yote ya darasa la tatu, kwamba hiyo ndiyo kazi niliyopewa. Nimewekwa pale ili Shangazi asilie. Nikaifanya kwa bidii, wallahi. Mgeni akianza, "Marehemu alikuwa na moyo…" mimi naangusha kikombe. Thuraya akitoa picha za babake, mimi naumwa na tumbo. Nilikuwa na vichekesho vya skuli nilivyovihifadhi kwa ajili hiyo, vibovu vyote, na Shangazi alitabasamu kwa adabu. Na kila jioni napeleka ripoti kwa fahari: hajalia. Sikuelewa kwa nini mama anazidi kukonda.

Majirani nao walianza kuuliza namba tisa itarudi lini. Kwa heshima, lakini wanauliza. Wazee wa mtaani walikuwa wanawasha wakati ule ule wa Alkhamisi na kutazama chenga. Baba akamwambia Thuraya, "Mashine za babako unazijua. Waekee watu kitu, chochote, ni sadaka yake." Thuraya akapanda kwenye chumba cha juu ya paa, akakuta kanda imo bado ndani ya kamera. Alikuja kwetu kutuambia huku macho yamemjaa maji.

"Kipindi cha mwisho alichopiga baba. Mama anapika mkate wa kumimina. Nimetazama mwanzo tu, sikuweza zaidi. Nitaieka Alkhamisi hii."

Mimi kijiko kikanidondoka. Kwa sababu siku ya kipindi kile mimi nilikuwepo. Nilikuwa nimekaa mlangoni mwa jiko la Shangazi, nimeambiwa nisikohoe, mpaka wakanituma dukani hamira. Na niliiona ile mikono. Hina ilikuwa ya jana yake, na bangili zote zimo.

Nikaona yote yatakavyokuwa. Alkhamisi baada ya Alasiri, nyumba zote za mtaa, wanaume kwa wanawake, watamwona Shangazi Zuwena yumo katika eda na mikono imejaa hina na dhahabu, anacheka. Sikuwa mtoto mjinga, kanda nilijua ni kanda. Lakini nilijua pia kwamba mtu akitokea kwenye televisheni watu husema, "Nimemwona fulani leo." Leo, si juzi. Kama wamemwona leo, basi ametoka leo.

Kwenye chuo cha Kurani, baada ya kusoma, nilimuuliza rafiki yangu Rahma, ambaye bibi yake alikuwa amekaa eda na kwa hiyo alikuwa mwanazuoni wetu. "Mtu akivunja eda inakuwaje?"

Rahma hakusita. "Inaanza upya. Tangu mwanzo."

"Na akivunja tena?"

"Inaanza tena. Kuna mtu alizeekea ndani."

Leo nacheka. Siku ile nilimwamini. Niliona Shangazi amekaa kwenye lile zulia mpaka nywele zinakuwa nyeupe, mikono chini ya kanga, na kila Alkhamisi Thuraya anaweka kanda na eda inaanza upya, na mimi nimekaa naye, nimekwisha kuwa mwanamke mzima, bado namhadithia vichekesho vya darasa la tatu.

Nilimwendea Thuraya nikamwambia asiiweke. "Kwa nini?" Ningesema nini? Nitaje hina ya mama yake mbele yake, niwe kama Bi Salma? Nikasema, "Basi tu." Akanipapasa kichwa. Nilimwendea mama. "Mama, ile kanda mbaya." Mama alikuwa anakaanga samaki, moshi umemjaa, akasema, "Audhubillahi, mtoto huyu na wasiwasi wake. Hebu nenda kasome Ayat al-Kursi." Nikaenda nikasoma. Haikusaidia, Mungu anisamehe, kwa sababu katikati ya kusoma nilikuwa nazihesabu zile bangili.

Alkhamisi ikafika, nazo Alkhamisi mbaya hufika mapema. Ilikuwa majira ya baridi, vile viyoyozi vimezimwa na watu wamefungua madirisha kupata upepo wa jebeli, ule wa milimani. Thuraya alipanda juu ya paa na thermosi ya babake. Hakumwambia mama yake. Alidhani kwamba, kwa kuwa televisheni ya sebuleni imefunikwa, Shangazi hataona, na mambo yatapita kimya. Hakuhesabu madirisha.

Mimi nilikuwa nimekaa na Shangazi. Tulikuwa tunachambua mchele, yeye mikono imetoka kwa sababu tuko wawili. Hina ilikuwa imeanza kupauka kwenye viganja lakini kucha bado zimekoza. Nilisikia hatua za Thuraya juu. Nikaanza kuzungumza. Nilizungumza bila kupumua, habari za skuli, habari za mwalimu wetu wa hesabu, chochote, kwa sauti ya juu.

"We mtoto leo umekula nini?" alisema Shangazi.

Ndipo kutoka dirishani kwa Bi Salma, na dirishani kwa jirani wa kushoto, na huko mbali kwa mzee wa kona, zikatoka sauti zote pamoja, zimepishana kidogo:

"Haya, bismillahi."

Sinia la mchele lilianguka. Shangazi alisimama. Sijapata kuona mtu akisimama namna ile, bila kujishika, kama hana umri. Macho yake yalikwenda dirishani, kisha mlangoni.

"Yuko wapi?" alisema. Hakuwa ananiuliza mimi.

Akaenda. Alikwenda moja kwa moja kwenye mlango mkubwa, kichwa wazi, miguu mitupu, na mkono umeshafika kwenye kitasa. Nikamrukia. Nilimkamata magoti kwa mikono yote miwili, nikalalia miguu yake na kupiga kelele, "Usitoke, Shangazi! Usitoke, eda itakatika! Itaanza upya!"

Akanitazama kama ndiyo kwanza anajua kwamba nimo ndani ya nyumba. Nje, sauti yake mwenyewe ilikuwa inasema kwamba mchele uoshwe maji saba. Kitasa kikatoka mkononi mwake taratibu.

"Inuka, mwanangu," alisema. "Sitoki. Niachie nikawashe."

Aliivua televisheni kanga yake. Akabonyeza, akasubiri, namba tisa ikaja. Na hapo palikuwa na mikono. Ya maua, ya dhahabu, inang'aa kwa uji wa mchele, inamimina, inafuta ukingo wa sufuria kwa kidole. Ilikuwa mizuri mno, na mimi nilikufa kwa hofu. Nikafanya lililonijia. Nilikwenda mbele ya kioo nikakikumbatia, kifua changu juu ya picha, nikatanua mikono yangu midogo kufunika ya kwake, nikiamini kabisa kwamba nikiifunika hapa itakuwa imefunikwa na kwa Bi Salma.

"Ondoka," alisema Shangazi. "Nnataka kumsikia."

"Wataona hina!"

Hakunijibu. Alinishika begani akanivuta pembeni, akanikalisha kwenye mapaja yake, akanibana. Nilisikia moyo wake mgongoni kwangu.

Kwenye kanda, mimi nilikuwa nimeshatumwa hamira, kwa hiyo yaliyofuata nilikuwa siyajui. Mikono ilikuwa inakoroga. Kisha Ami akakohoa nyuma ya kamera.

"Na hina hiyo," alisema, "ya harusi ya nani?"

Mikono ilisita. "Hamna harusi."

"Basi ya nani?"

"Ya mwenye kamera."

Kamera ikatikisika. Ami alikuwa anacheka, kile kicheko chake cha puani. "Lo! Na mtaa mzima utakusikia, bibi wee."

"Wasikie. Kwani mume nimemwiba?"

"Haya, kipande hiki nitakikata."

"Wewe? Ulikata lini wewe, baba Thuraya? Tangu uanze televisheni yako hujakata hata kikohozi."

Na yule mtu ambaye hatukuwahi kumwona kwenye namba tisa akatokea. Mkono tu. Mkono mkubwa, mweusi wa jua la bandarini, saa kwenye kifundo, ukaingia upande wa kulia wa picha na kwenda kuchovya kidole kwenye uji. Mkono wa hina ukaupiga kofi. Mkono mkubwa haukuondoka. Ukaulalia ule wa hina, hapo hapo mezani, ukatulia. Kisha kamera ikazimwa na zikaja chenga.

 Madirishani hata watoto hawakucheka.

Nilihisi maji shingoni kwangu. Nikadhani ni jasho. Kisha kile kifua nilichokiegemea kikaanza kupanda na kushuka, na ikatoka sauti ambayo sikujua kwamba mtu mzima anayo. Alilia, jamani. Alilia kwa mdomo wazi, kwa mwili mzima, ananiyumbisha huku na huku, mikono yake imenizunguka, yote miwili nje, haifichi. Alimwita jina lake. Wanawake hawawaiti waume zao kwa jina mbele ya watoto, lakini yeye aliita, Khalfan, Khalfan, mpaka sauti ikakauka. Na mimi nikasema kichekesho changu kimoja, cha mwalimu wa hesabu. Nilikisema chote, mpaka mwisho, kwa sababu hiyo ndiyo kazi yangu. Hakusikia.

Aliponyamaza kidogo nikamuuliza, "Shangazi, eda imekatika?"

Alijifuta uso kwa viganja vyake vyenye hina. Alifikiri. Alikuwa mtu wa kumjibu mtoto kweli.

"Haijakatika, mwanangu," alisema. "Ndiyo kwanza inaanza."

Basi! Rahma alisema kweli. Inaanza upya, tangu mwanzo, na zaidi ya hayo kalia, na mimi nilikuwepo, nimekaa juu ya mapaja yake, na sikuweza kuzuia hata moja. Thuraya alikuwa anashuka ngazi mbio, kasikia kilio. Nikampita. Nilitoka bila viatu, nikapita mlango wa uani, nikaingia jikoni kwetu huku kamasi zinanitoka. Mama alikuwa ameshika mwiko. Akageuka, akaniona nilivyo, na rangi ikamtoka.

"Nini? Shangazi yako?"

Nilimweleza yote kwa mara moja, kanda, hina, mkono wa Ami, eda inayoanza upya. Sidhani kama alifahamu neno. Alipiga magoti mbele yangu akanishika mashavu.

"Nakuuliza kitu kimoja. Kalia?"

Nilitaka sana kusema hapana. Nilijua ananisubiri niseme kama kila siku, na kwamba nikisema ndiyo nitakuwa nimeiangusha nyumba nzima.

"Kalia," nilisema. "Kalia sana, mama. Nisamehe."

Mama alikaa chini, pale pale sakafuni, mwiko mkononi. Akaweka paji la uso wake juu ya bega langu, na mabega yake yakaanza kutikisika.

"Alhamdulillahi," alisema. "Alhamdulillahi, mwanangu. Kalia."